Siku Tuliyokuona Ukiigiza Malindi

Bi Ilse wangu,

Leo wiki ya sita tangu tukuzike. Bado nikiamka asubuhi hapa mjini Euless mkono unatafuta ufunguo wa nyumba yako.

Nakuandikia Kiswahili. Ulikisema kwa kubabaisha, lakini ndicho kilichotupatanisha. Siku ya kwanza nilipokuja kukuogesha ulikataa katakata, mpaka uliposikia kwetu ni Malindi. "Mimi mwigizaji," ukasema. "Malindi nilitembea sana. Kazi yangu ilikuwa kutembea!"

Nisamehe, sikuamini. Mwanao Dieter alipokuja kutoka Houston alinikonyeza kuashiria kwamba unatunga, nami nikatabasamu. Ulituona. Ukageuzia uso ukutani.

Basi sikiliza. Baada ya mazishi Dieter alikuja kuhamisha vitu, na makopo ya filamu za zamani uliyoyaweka kabatini alikuwa ameshayatia kwenye mfuko wa taka. Nilimsihi asiyatupe. Tukayapeleka kwa fundi huko Dallas, akazihamishia filamu kwenye kompyuta, tukakaa sebuleni kwako tukatazama.

Ulikuwemo, Bi Ilse! Miaka ishirini na ushei, gauni la manjano. Filamu za kuwavutia Wajerumani wasafiri: unapanda ngazi za hoteli, unanusa maua, unatazama mlima, unatabasamu. Filamu tisa, na katika nane husemi kitu. Mwanamume tusiyemwona ndiye anayekusemea. Hapo ndipo nilipoelewa kwa nini uligomba kila nilipomjibu daktari kwa niaba yako. "Mdomo ninao!"

Halafu ile ya Malindi. Sokoni, mama muuza ndizi anakuambia umependeza. Unageuka, unamjibu kwa Kiswahili: "Ahsante mama, lakini viatu vinaniuma!" Soko zima likaangua kicheko. Nadhani hata mpiga picha alicheka, maana picha inatikisika. Sijui kwa nini hawakuikata.

Dieter hakuelewa maneno, nikamtafsiria. Akairudisha mara nne. "Ni yeye," akasema. "Ndivyo alivyokuwa nyumbani." Akalia, mtu mzima yule, nami nikamshika bega.

Nimepangiwa mgonjwa mwingine, mzee wa huku huku Euless. Wanawe wananiambia nisimjali, eti kila siku anadai zamani alikuwa bingwa wa dansi. Juzi nilivuta kiti nikamwambia, "Haya mzee, nieleze." Nakuahidi nitamsikiliza mpaka amalize.

Kwaheri, mama. Pumzika.

Wako,
Mwanaisha