Namba za Mzee Ezra

Kilburn, Jumanne, Machi 1999

Sijui hata kompyuta inataka nini. Maneno ya Kiebrania yalitokea kinyume kwenye skrini, nikaandika programu igeuze kila mstari. Bosi alinipa kazi hiyo kwa sababu nilisoma Kurani chuoni Mombasa, nimezoea kuanzia kulia.

Leo mteja wetu, Mzee Ezra, anayewajulia hali wazee wa Kiyahudi wa mtaani, kapiga simu. "Majina ya wazee wangu yanasomeka vizuri. Ila namba zao za simu haziingii, na mama mmoja anayeishi peke yake sijampata tangu Ijumaa."

Namba nazo nimezigeuza. Hata kwenye msahafu namba za aya huanzia kushoto. Mbona sikukumbuka? Na nikigeuza tena, majina yataharibika.

Nimeisoma namba ya yule mama kutoka nyuma, nikapiga. Ameitika. Nikakata, nikampigia Mzee Ezra kumwambia yuko hai.