Shamba la Baba Limeandikwa Wafula

Jumapili jioni, Kitale. Mvua ilianza watu wakitoka kanisani na bado inanyesha, ile ya manyunyu isiyo na haraka na mtu. Nguo zangu zimelala mbichi kwenye beseni. Nimepika chai nikaisahau mpaka ikapoa. Shajara, leo sina hamu ya salamu. Nimeudhika tangu jana, na kinachoniudhi zaidi ni kwamba sijui nimuudhikie nani.

Jana nilikuwa Kanduyi kwa Baba.

Baba amelima Naitiri maisha yake yote, mpaka alipopigwa na kiharusi na upande wa kulia ukalala. Ndipo tukamhamishia Kanduyi, karibu na hospitali za Bungoma mjini. Mtaalamu wa mazoezi alituambia vidole vyake vitafutiwe kazi ya kila siku, la sivyo vitakakamaa. Tukampa mpira wa kufinya, akautupa chini ya kiti. Tukampa shanga azitunge, akauliza tangu lini amekuwa msichana. Mimi huuza mbegu na dawa za mifugo katika duka la pembejeo hapa Kitale, na kijana tunayefanya kazi naye alikuwa anauza mashine yake ndogo ya gemu, ile ya kushika kwa mikono miwili. Nikainunua. Nikaingia duka la mtandaoni la mashine hizo, nikanunua mchezo wa kulima shamba, nikaupakua.

Wiki ya kwanza Baba aliuliza shamba hilo ni la nani. Wiki ya pili nikamkuta analalamikia kunguru.

Sasa mashine hiyo anaiita jembe. "Lete jembe," atasema, na yeyote aliye karibu anajua. Kwenye mchezo kuna majira ya theluji, na yeye theluji anaiita mvua ya mawe, na anamsikitikia sana mtu aliyechagua kulima mahali kama hapo. Wala hapandi mahindi ya kwenye gemu mpaka asikie majirani wa Kanduyi wamepanda ya kwao. Nimemweleza mara nyingi kwamba humo ndani mvua ni nyingine. Ananitazama tu. Shamba lake amelipa jina la Naitiri.

Sasa nieleze kosa lenyewe, maana bila hilo hakuna kisa.

Mashine hizi hazikuuzii gemu mpaka ufungue akaunti yenye jina, barua pepe na namba ya simu ya mwenyewe. Siku ile ya kufungua, Baba alisema, "Andika Wafula." Wafula ni kaka yangu mkubwa, mtoto wa kiume pekee kwetu, anafanya kazi Nakuru. Nikasema Baba, hii ni akaunti tu, na mnunuzi ni mimi, acha niandike langu. Akasema shamba haliandikwi msichana. Tulicheka sana. Hata Wafula alicheka kwenye simu, akitusomea tarakimu alizotumiwa ili akaunti ifunguke. Nikaandika jina lake. Kila gemu niliyomnunulia Baba tangu hapo, ya kuvua samaki, ya drafti, ile ya kufuga nyuki, imeingia chini ya jina la mtu ambaye hajawahi kubonyeza hata kitufe kimoja.

Kwetu watu wengi wangefanya hivyo hivyo. Hata plot yenye kibanda cha kuku huandikwa mvulana.

Baadaye matibabu yakazidi nguvu zetu, na Baba akauza shamba la Naitiri, lile la udongo. Hakumwambia Wafula. Wafula alizisikia habari kwa jirani. Tangu siku hiyo hajakanyaga Kanduyi, na akinipigia simu tunaongea kuhusu hali ya hewa na bei ya unga, kisha anakata kabla sijasema, "Ngoja nimpe Baba."

Basi juzi juzi nikasoma kwamba duka lile la mtandaoni linafungwa mwisho wa mwezi huu. Likishafungwa, ulichonunua hutaweza kukipakua tena. Kilicho ndani ya mashine kitabaki ndani ya mashine, na mashine ikifa kinakufa nayo. Na jembe la Baba linaumwa. Betri imevimba mpaka mgongo wake umeinuka kama mandazi, na siku hizi haliwaki bila kuchomekwa kwenye umeme.

Ukinunua gemu hivi, hununui kitu cha kuweka kabatini. Unanunua ruhusa.

Nilitafuta mashine nyingine iliyotumika, nikaipata hapa Kitale kwa fundi wa simu, nikanunua na memori kadi. Kazi ilikuwa mbili. Kwanza kupakua gemu zote upya katika mashine mpya. Pili kuhamisha shamba lenyewe, yaani kila alichopanda Baba na mahali alipofikia, maana hilo haliko dukani. Liko ndani ya jembe bovu peke yake. Na kazi zote mbili, nilipozianza jana kwa Baba, zilitaka niingie kwenye akaunti. Neno la siri nililokuwa nalo lilikataa. Mashine ikasema imetuma tarakimu kwa mwenye akaunti.

Mwenye akaunti yuko Nakuru, amenuna.

Nilitoka nje, nikasimama kando ya tangi la maji, nikapiga.

"Niaje, Nekesa."

"Wafula, kuna namba imeingia kwa simu yako saa hii. Nisomee."

"Ya nini?"

"Ya shamba ya Baba."

"Shamba gani, bana? Si aliuza?"

Nikamweleza kuhusu gemu, kuhusu duka kufungwa, kuhusu betri. Akacheka, lakini si cheko lake la siku zote. "Ati ile ya ukweli hakuniuliza, hii ya katuni ndio anataka ruhusa yangu?" Akakata.

Nilirudi ndani nikasema Wafula ana kazi. Baba alikuwa amekaa karibu na soketi, jembe mkononi, waya umenyooka kama kamba ya mbuzi. Hakuinua macho. "Atapiga," akasema. "Mwenye shamba hawezi kataa shamba." Nilitaka kumwambia kwamba mwenye shamba ameshalikataa, kwamba mwenye shamba hajui hata dawa za Baba zina rangi gani. Nikaenda kuosha vyombo, tena vilivyo safi.

Na kweli Wafula akapiga. Nilikuwa na mashine mbili mikononi, nikaweka simu mezani kwa sauti ya juu. Hakusalimu. Alisoma tarakimu moja moja, polepole, jinsi mtu anavyomsomea mtoto. Nikaziandika. Akaunti ikafunguka. Nilipotaka kumshukuru nikaona hajakata, na Baba ameinamia simu.

"Wafula."

"Baba."

"Huko kunanyesha?"

"Kunanyesha."

"Hata hapa."

Wafula akasema, "Haya, basi," na simu ikakatika. Hayo ndiyo mazungumzo yao yote tangu shamba liuzwe. Baba alijipangusa macho kwa taulo lililokuwa begani, akanyoosha kidole chake kizuri kwenye simu kana kwamba nilikuwa sijasikia. "Si nilikuambia?"

Nilimfurahia. Naandika hivyo kwanza kwa sababu ni kweli. Kisha nikamwonea Wafula wivu. Mimi ndiye ninayekwenda kila Jumamosi. Mimi ndiye ninayemkata kucha. Hakuna siku aliyolia kwa sababu nimemwambia kunanyesha.

Watu huniambia ng'ombe haelemewi na nunduye. Sawa. Lakini nundu hii ina ng'ombe wawili, mmoja ameiacha Kanduyi akaenda kula nyasi Nakuru.

Gemu zilishuka taratibu, na mtandao ukipotea kila wingu likipita. Nilihamisha shamba kutoka jembe la zamani hadi kompyuta yangu, kisha hadi memori kadi, kisha hadi mashine mpya. Nikiwa bado ndani ya akaunti nikafungua ukurasa wa mwenyewe. Jina: Wafula. Namba: ya Wafula. Pembeni kuna mahali pa kubadilisha. Nilifuta. Sababu ninayo, tena nzuri: siku nyingine anaweza asipokee simu. Nilikuwa nimefika N, e, k, Baba akauliza.

"Unaandika nini hapo?"

"Jina yangu na namba, Baba. Ndio siku ingine tusisumbue Wafula."

"Wacha."

"Baba, ni akaunti tu."

"Wacha, mama. Shamba ikae na mwenyewe. Wewe utaolewa uende."

Nina mvi, shajara. Nani anakuja kunioa, mwenye haraka gani? Lakini aliniita mama, na aliposema hakuwa mkali. Nikafuta k, nikafuta e, nikafuta N. Nikarudisha la Wafula. Asiyekuwepo na lake halipo, ndivyo tulivyofundishwa shuleni. Kwa Baba imegeuzwa. Asiyekuwepo ndiye ana kila kitu.

Kilichobaki kilikuwa kuhakikisha kwamba nakala imeshika. Nikawasha mashine mpya, nikaingia shambani.

Nilikuwa sijawahi kutembea humo. Nilikuwa namwona Baba akicheza, lakini kwa pembeni, nikipika. Jana ndiyo mara ya kwanza nilipita mwenyewe, kipande kwa kipande, nikiangalia kama kila kitu kimefika. Mafahali wawili wa zizini wanaitwa Kamanda na Sajini. Hao walikuwa maksai wetu wa Naitiri, waliuzwa siku moja na shamba. Mbwa anaitwa Askari, na Askari wetu aligongwa na lori nikiwa darasa la sita. Karibu na jiko kuna kibustani cha vitunguu chenye kibao, na kwenye kibao Baba ameandika ROBAI. Robai ni Mama. Vitunguu vyake vilikuwa hapo hapo, nyuma ya jiko, mpaka alipofariki. Chini kando ya mto, kipande kikubwa kuliko vyote, mahindi yamesimama sawasawa, na kibao kinasema WAFULA.

Nilijitafuta. Nilipita kwenye mizinga, kwenye banda la kuku, nikazunguka kisima, nikafika mpaka kwenye uzio ambapo mchezo unakataa usiende mbele. Hakuna Nekesa.

Nilijua heri nisimwulize. Nikamwuliza.

"Baba, mimi niko wapi humu ndani?"

Alivaa miwani. Akatazama kioo, kisha akanitazama mimi, na alishangaa kweli, kama mtu aliyeulizwa mkono wake uko wapi.

"Wewe?" akasema. "Si wewe uko hapa."

Kisha akauliza kama nimekumbuka kununua omena, akachukua jembe jipya, akaanza kumwagilia vitunguu vya Mama.

Mchana kutwa leo nimekuwa nikilizungusha neno hilo. Kanisani sikusikia mahubiri. Mama amekufa, ameandikwa. Maksai wameuzwa, wameandikwa. Askari yuko chini ya mkaratusi wa Naitiri ambao si wetu tena, ameandikwa. Wafula ameondoka, ameandikwa kwa herufi kubwa. Mimi nipo, kwa hiyo sina kibao. Huenda hayo ndiyo maneno mazuri kuliko yote ambayo Baba amewahi kuniambia. Huenda pia ni maneno ya mzee anayetaka omena yake ifike mezani. Siwezi kuamua, na nimechoka kujaribu.

Saa kumi hivi Wafula alituma ujumbe. "Hiyo shamba yake anaiita aje?" Nilikaa nao muda. Ningeweza kumjibu akamwulize mwenyewe. Ningeweza kunyamaza, niwe na kitu kimoja ambacho yeye hana. Nikaandika: "Naitiri. Kibao yako iko kando ya mto, mahali pako pale pale." Naona ameusoma. Hajajibu.

Memori kadi iko kwenye mkoba wangu, ndani ya kimfuko cha sarafu. Shamba zima la Baba liko humo, na siku jembe hili nalo likifa nitaliwasha kwenye jingine. Lakini hata kadi hiyo haifunguki mpaka iulize jina, na jina ni la Wafula.

Jumamosi nitakwenda tena. Nitapeleka omena, nitamkata kucha, na pengine nitatafuta kipande cha shamba kisicho na kitu nimwombe aniwekee kibao kidogo, hata cha kunde.

Au nimwombe Mungu nisiandikwe humo kamwe?