Pardon ya muguu

Shema, nimechoka. Nimechoka kabisa.

Zile fromage, jibini, ziliibiwa mu depot yetu ya Karuba, unajua wananishitaki mimi. Avocat yangu, mwanasheria Maître Libérata, alinionya: "Leo mbele ya conseil de discipline, wakubwa ya kazi, usiseme pardon hata kidogo. Ukisema, kesho ku tribunal, mahakamani, juge atajua umekubali wizi."

Naingia tu mu conseil, namukanyaga patron wa depot, Papa Jacques, ku muguu.

"Pardon, Papa!"

Pardon, Shema! Kinywa yangu mwenyewe!

Papa machozi yakamutoka: "Nimekusamehe, mutoto yangu. Rudi ku kazi." Wote makofi. Secrétaire akaandika: ameomba pardon mbele ya wote.

Kazi njo nimerudishiwa. Sasa kesho ku tribunal, nitavulisha Papa Jacques kiatu ili juge aone kidole nilikanyaga?