Ushanga Mwekundu wa Siku Tisa

Matombo, kwa mjomba Dadi
Tarehe 9 Agosti 1911

Kwa kaka yangu mpenzi Yunusi, kambi ya reli, Dodoma.

Shikamoo kaka. Natumaini ile homa uliyoniandikia imekwisha, na shemeji na watoto wanakula na kulala vizuri. Mimi mwili wangu mzima, ila miguu imevimba kwa kupanda milima tangu Mwembesongo. Habari za moyo usiniulize.

Katika barua yangu iliyopita nilikueleza kwamba mke wangu Shamsia amenikimbia kwa sababu ya Pazi, yule muuza nguo wa sokoni, nikakuomba uje tumshitaki kwa akida. Kaka, usije. Pazi sijamfumania hata siku moja. Nilimwona Shamsia akicheka kibandani pa Pazi mpaka akajishika mbavu, basi. Mimi hajawahi kunichekea hivyo, na hata leo nikikumbuka kicheko kile natamani kukitia moto kibanda chenyewe.

Desturi ya vyumbani unaijua. Mwanamke hufundwa unyagoni kutundika ushanga juu ya kitanda, mweupe anapomtaka mumewe, mwekundu akiwa mwezini. Shamsia alikuwa mtu wa mweupe. Aliutundika mwenyewe huku akiimba, bila haya yoyote, nami nikajiona sultani. Kisha mwezi wa sita ukaja mwekundu, siku nne, siku sita, siku tisa. Nikawa nahesabu. Damu gani ya siku tisa? Nikasema moyoni kwamba mweupe wangu unapelekwa kwa Pazi. Akirudi sokoni namnusa nguo. Akivaa kanga namuuliza kapewa na nani. Kadiri nilivyomuuliza ndivyo mwekundu ulivyozidi kukaa.

Alipokimbilia huku kwao nilimfuata, nikayamwaga hayo ya siku tisa mbele ya mjomba wake Dadi na Bibi Hidaya, somo yake aliyemfunda, nikitegemea wataona haya. Bibi Hidaya akanicheka. Akasema sisi wanaume tunajua nusu tu ya ushanga. Mwekundu si damu peke yake, alisema, ni hapana ya mwanamke, na hapana haina hesabu ya siku. Shamsia akasema yake kwa kinywa cha somo yake, maana mbele ya mjomba hawezi kutamka mambo ya kitandani. Kwamba alinitaka kwa furaha na hakuona aibu kunitaka, ila hawezi kumtaka mtu anayemnusa nguo.

Mjomba Dadi alitaka yaishe palepale, niombe radhi nirudi na mke wangu. Shamsia akakataa. Akaniambia kuna jambo ninalolificha, na nikuandikie wewe kaka, ambaye kwako nilimharibia jina.

Basi nalisema, ingawa naona aibu hata kushika kalamu. Adhuhuri ya siku ya kumi, alipokwenda mtoni, niliutoa mwekundu nikautundika mweupe kwa mkono wangu. Aliporudi nikamwambia atazame, ameniita mwenyewe. Akasema hakuutundika yeye. Akasema hataki. Nilimsikia vizuri, kaka. Nikamwonyesha ushanga, nikamvuta mkono mpaka akalia, huku nikimwita mwongo. Akajinasua, akatoka na nguo alizovaa. Lililomleta Matombo ni hilo, si Pazi.

Shamsia hajui kusoma, kwa hiyo barua hii atasomewa kwanza na Agustino, mwalimu wa misheni. Agustino ana sauti nzuri na hajaoa. Niliuliza kama hakuna mzee wa kuisoma, nikaambiwa hakuna. Watakaa barazani, yeye anasoma, mke wangu anamsikiliza, na mimi nitakuwa upande wa pili wa nyumba natafuna kucha.

Nisalimie sana shemeji, wanao, na wote wa kambini wanaonikumbuka. Shamsia amesema akikuta nimeficha hata neno moja ataichana, na akiridhika atampa mchukuzi kwa mkono wake mwenyewe aipeleke stesheni. Kwa hiyo kama unaisoma hii, kaka, ujue ni yeye aliyekubali ikufikie. Kurudi hajakubali, nami sijamuuliza mara ya pili.

Ndimi mdogo wako,
Hatibu