Kikohozi cha Baba Mkwe

Mpendwa Bibi Mshauri,

Naomba msaada wako, maji yamenifika shingoni. Mume wangu anaandika gazetini, kazi yake ni kusifu na kuponda majengo ya watu, na mwaka jana aliandika kwamba mlango wa ndani ni woga, nyumba ya kisasa haina cha kuficha, akasifiwa mno, basi akatujengea nyumba hiyo hiyo, mlango ni wa mbele tu, kwingine ni kuta na uwazi, hata bafu lipo nyuma ya kona tu. Tunaishi na baba mkwe, mtu wa heshima zake, naye akaanza kukohoa kila anapokaribia kona ili nijifunike, mimi nikaelewa, tukaishi hivyo bila kuambiana neno. Sasa mume wangu anasema mzee ana kifua, kampeleka hospitali, wamempiga picha wasione kitu, naye anameza dawa kimya kimya, na Jumamosi anahamishiwa kwa wifi yangu eti asimwambukize mtoto wetu. Nikisema ukweli nitaonekana naidharau kazi ya mume wangu, tena nitamwaibisha mzee. Jana kapita amebana pumzi asikohoe, akanikuta nabadili nguo, akageukia ukuta akalia. Nifanyeje?

Mkaza mwana

Mjukuu wangu,

Barua yako nimesomewa mara mbili, ya tatu nikakataa. Mzee wa watu anameza dawa ya ugonjwa wa mwanawe! Mumeo jengo la watu analiona toka barabarani, baba yake ndani hamwoni. Na wewe nawe! Heshima gani ya kumwacha mtu afungashiwe mizigo kwa kosa la kuwa na adabu? Pole, mama, lakini umenichefua.

Leo, mumeo akirudi, kabla hajavua viatu, mwambie: "Baba haumwi. Anabisha hodi." Usiongeze neno. Akianza hotuba ya hewa na mwanga, muulize: ofisini kwake akienda msalani hufunga mlango, au huandika makala? Kesho seremala aje, aanze na bafu, kisha chumba cha mzee, kisha chako. Akilia kwamba sura ya nyumba itaharibika, mwambie aliyelia kwanza ni baba yake.

Akikataa, Jumamosi mbebe mtoto mgongoni uondoke na mzee. Abaki humo peke yake, akohoe, tuone nani atamwitikia karibu.