Majani Yangu, Namba ya Weldon

Eliakim, sikuwa na mkataba. Sikuwa na risiti wala shahidi, na sasa sina hata jino la mbele.

Weldon, yule kijana jirani yangu, amenipiga! Mimi, mzee wa miaka sabini na moja, pale Kiptere, kituo cha kupimia majani ya chai, watu wakingoja mizani.

Unajua mwaka mzima nilipima chai yangu kwa namba yake ya mkulima, kwa sababu yangu ilifungwa na kiwanda. Bonasi, yale malipo ya mwisho wa mwaka, imeingia kwake yote. Nilimwambia tu, "Kijana, nipe haki yangu." Akaniangusha kwa ngumi, akanikanyaga mbavu.

Nikaokota panga. Eliakim, niliinua panga!

Ndipo akapiga kelele: "Majani ni yako, mzee, nani amekataa? Lakini namba ni yangu, na bonasi ni yangu!"

"Majani ni yako." Alisema hivyo mbele ya watu thelathini!

Nikaweka panga chini. Unakumbuka ile sheria niliyosoma shule ya jioni ukinicheka? Mtu hawezi kutajirika bila haki kwa jasho la mwenzake, hata kama hakuna mkataba. Nilichokosa ni ushahidi tu kwamba majani ni yangu, na sasa ameutoa kwa mdomo wake.

Jerusa, karani wa mizani, ametia sahihi kwamba alisikia. Barua ya madai nimeiandika mwenyewe, damu ikitoka mdomoni. Nimeifunga kwa gundi, nimempa mtu wa boda. Sasa hivi inaelekea kwa Weldon.