Candida, Wamekuvika Gauni Jingine

Mwaka umetimia, Candida, tangu tukurudishe Rombo na kukulaza kwenye migomba nyuma ya nyumba ya babu yako. Watu walituambia muda utasaidia. Haujasaidia. Tunalisema wazi kwa sababu wewe mwenyewe hukupenda maneno ya kupakwa mafuta.

Ulilalamika mguu unauma, ukasema ni viatu. Daktari alisema damu iliganda mguuni ikapanda kwenye mapafu. Ulikuwa na miaka thelathini na moja. Hakuna la kuongeza hapo, wala hakuna wa kumlaumu.

Tunakukumbuka ulivyokuwa mrefu tangu utoto. Kaka yako Benedict alikuita Mlingoti. Wabeba mizigo wa Kariakoo wakikuona unakatiza Msimbazi walipiga kelele, "Jamani pisheni, Twiga kashuka mjini!" Nawe uliwajibu bila kupunguza mwendo, "Twiga ni mnyama wa taifa. Simameni wima mnaponiona!" Walisimama kweli, na magunia mabegani, wakicheka.

Ukifika kwenye duka la mapazia la mama yako ulivua viatu mlangoni, ukapanda juu ya majora ya vitambaa na bakuli lako la mtori wa ndizi, ukaanza kumsimulia fundi Mgeni habari za mjini. Mgeni alishona bila kuinua macho, lakini cherehani ilikuwa inasimama kila ulipofika patamu.

Uliposema unakwenda kuwa modo wa kuonyesha mavazi, mama yako alikuuliza, "Kazi gani hiyo ya kutembea mbele na kurudi nyuma? Hata mlinzi wa geti anaifanya, na yeye ana sare." Ulicheka mpaka ukakaa sakafuni. Kisha ukaenda, ukaifanya, na ukaifanya vizuri. Uso wako ukauza sabuni, mafuta ya nywele, vitenge na maji ya chupa. Baba yako alikuwa anakunywa maji yale tu, hata yakiwa yameisha baridi.

Halafu kukawa na lile onyesho la mavazi hotelini, huko Posta. Mliambiwa mbadilishe nguo koridoni, njia ya kutokea jikoni. Rachel, modo mwenzenu aliyekuwa na umri mdogo kuliko wote, alijifunika kifua kwa mikono huku mhudumu akipita na sinia la sambusa, na nyuma yake mpiga picha, na nyuma yake mwanamume ambaye hakuwa na kazi yoyote pale. Asubuhi ulikuja dukani. Hukuvua viatu.

"Mama, naomba pazia."

"La dirisha gani?"

"La watu."

Mama yako alikata kitambaa kizito, kile kisichopitisha mwanga, Mgeni akakipiga pindo na kukitia pete, kikawa pazia. Tangu siku hiyo ulilibeba begani kila mlikoitwa. Mlikuwa mnafika, mnalitundika, na mkikatazwa mnakaa chini wote. "Bila pazia hatuvui." Watu wazima wenye tai walibembelezana na pazia.

Hivyo ndivyo ulivyoanza, kwa kitambaa cha dukani kwetu. Baadaye mkaunda umoja, mkawa mnakutana nyuma ya duka kila Jumatatu, wasichana na wavulana warefu wasiojua miguu yao waiweke wapi. Mlidai chakula kwa anayeshinda kazini kutwa. Mlidai wasichana wa shule wasifanyishwe kazi bila mzazi kujua. Zaidi ya yote mlidai picha ya mtu iwe na tarehe ya mwisho ya kutumika. "Shamba la kukodi lina msimu wake wa mwisho," uliwaambia. "Iweje uso wa mtu usiwe nao?"

Wenye kampuni waliacha kukuita kazini. Wakakuita Mama Chama. Ukaja kuuza mapazia na mama yako, na wateja walikushangaa: "Wewe si yule wa kwenye tangazo?" Ulikuwa unawajibu, "Ndiye, ila huku napumua. Nikukatie mita ngapi?"

Sasa tukueleze yaliyotokea baada yako, maana ungetuuliza.

Umoja wenu umekufa. Rachel alijaribu kuushika. Siku moja alikuja dukani akasimama kati ya vitambaa kama mteja. "Mama," alisema, "wamenitaka nichague, chama au kazi. Nina mtoto." Mama yako akamjibu, "Chagua mtoto." Alilia sana. Hatukumlaumu, na tunaomba nawe usimlaumu. Pazia lilibaki kwenye ukumbi mmoja na hakuna aliyelifuata. Wasichana wanavua koridoni tena.

Halafu, baada ya Pasaka, mama yako alikuwa anapita Mtaa wa Kongo kwenda kuangalia mzigo, akainua macho, akakuona.

Ulikuwa juu ya duka la nguo, kwenye bango, mkubwa kuliko mlango. Unacheka. Umevaa gauni jekundu lililoachwa wazi mgongoni. Watu wa mikokoteni walikuwa wanapiga kelele, "Mama, pisha! Mama, unalala barabarani?" Hakuweza kupisha. Alikuwa anaangalia mshono. Mwanamke aliyeuza vitambaa maisha yake yote anajua kitambaa kinavyoanguka, na kile hakikuanguka popote. Hakuna fundi aliyekishona. Uso ulikuwa wako, wa miaka ile ya mwanzo, lakini gauni lile hukulivaa kamwe. Lilichorwa kwa kompyuta mwaka huu, ukiwa umekwishalala.

Sisi tunaijua nguo yako ya mwisho. Mama yako na shangazi yako Angela walikuvika kwa mikono yao. Angela alikuwa anasema, "Mwinue bega taratibu, wifi, taratibu," kana kwamba ungeamka. Lilikuwa lile gauni la bluu aliloshona Mgeni. Ulivaa nguo za watu miaka yote, ukazirudisha jioni. Hilo peke yake lilipimwa kwa mwili wako, likabaki nawe. Sasa mtu asiyekujua amebonyeza kitufe akakuvika jingine.

Mama yako aliingia dukani. Mwenye duka, Manan, alisimama. "Shikamoo mama. Karibu."

"Marahaba. Yule wa juu ni mwanangu."

"Yule modo? Anapendeza sana, mama. Watu wanaingia kwa sababu yake."

"Amekufa."

Manan alikaa chini. Alisema, "Mungu wangu," kisha akasema kampuni ya matangazo ndiyo iliyomletea bango, yeye alilitundika tu. Mama yako hakuwa na ugomvi naye. Alimweleza shida yake moja: bibi yako anakuja kutoka Rombo kwa misa yako ya mwaka, ni mzee, alikuona ukizikwa. Asikuone huku. Bango lishuke kabla hajafika, hili na mengine yote.

Manan alipiga simu kampuni palepale, akaweka sauti ya nje. Dada mmoja akapokea, mwenye adabu zake.

"Shikamoo mama. Poleni sana kwa msiba. Hata sisi tulimpenda Candida."

"Marahaba. Basi mshusheni."

"Mama, ninge... Lakini mkataba alisaini mwenyewe, zamani. Picha ni za kampuni daima."

"Daima ni mpaka lini?"

"Ni daima tu, mama."

"Na gauni? Hilo hakulivaa."

"Hayo ni marekebisho tu, mama. Mkataba unaruhusu."

Manan alikata simu mwenyewe. Akaita vijana, wakaleta ngazi, bango lake likashuka mchana uleule. Hasara yake. Mungu amlipe. Lakini baba yako na Benedict walipozunguka walikukuta Mchikichini, wakakukuta karibu na Kivukoni, na watoto wa majirani wakasema upo pia kwenye simu zao, unacheka kabla ya kila video. Benedict alinunua kopo la rangi nyeusi ayapake mabango. Mama yako alimnyang'anya. Angemaliza kopo, wao wangechapa jingine. Baba yako aliandika barua, akaenda ofisini kwao, akarudi amepewa kalenda ya bure.

Ndipo tukaamua tumpitishe bibi yako njia za ndani, kutoka stendi mpaka nyumbani. Benedict aliendesha, Angela akakaa naye nyuma, akimsemesha kuhusu kahawa na mvua ili asiangalie nje. Karibu tufanikiwe. Karibu na nyumbani palikuwa na foleni, gari likasimama, bibi akageuka dirishani.

Alikuangalia kwa muda mrefu. Aliuliza kwa sauti ya mtu anayeulizia kazi iliyofanywa vibaya:

"Nani amemvua lile la bluu?"

Benedict alizima redio. Foleni ilipoachia, magari ya nyuma yakapiga honi, ndipo akaondoa gari. Bibi aliuliza tena usiku, na asubuhi kabla ya misa. Anadhani tulikufukua. Tumemweleza kompyuta, tumemweleza mkataba. Anasikiliza mpaka mwisho, kisha anasema, "Sawa, lakini nani alimvua?"

Wanaotusoma watajiuliza picha yako iko wapi, maana kumbukumbu zote za ukurasa huu zina picha. Tulikaa mezani kuichagua. Zipo nyingi kuliko za ukoo mzima, na kila moja unauza kitu. Tumeacha nafasi wazi. Mwenye kukujua atakuona.

Tunakukumbuka sisi tuliobaki: baba yako Aristides Shirima, mama yako Scholastika, kaka yako Benedict, shangazi yako Angela, bibi yako wa Rombo, fundi Mgeni, na Rachel aliyeomba jina lake liwekwe.

Dada anayepokea matangazo hapa gazetini alikuwa ameshaweka mstari wa mwisho, kama ilivyo desturi, wenye neno daima. Tumemwomba alifute. Neno hilo wanalo wao, kwenye mkataba. Sisi ni watu wa kufa, na ahadi yetu ina mwisho: tutakukumbuka, ukiwa na gauni lako la bluu, mpaka wa mwisho wetu afumbe macho.